Mtu Mmoja, Nyuso Kumi

Uigizaji ni kazi ya kuazima. Mwigizaji huazima jina, sauti, mwendo na moyo wa mtu mwingine, akavichukua mbele ya watazamaji kwa saa moja au mbili, kisha akavirudisha kwa mwenyewe. Aazimaye kwa adabu hukirudisha kitu kikiwa kizima, pengine kimeng'arishwa kuliko alivyokikuta. Aazimaye ovyo hukirudisha kimechakaa. Katika insha hii nataka tumtazame, mimi nawe msomaji, mtu mmoja wa India aliyeazima watu kumi kwa mara moja, ili tupime ni wangapi aliowarudisha wazima. Huenda jambo hili likaonekana la mbali sana kwako wewe unayesoma Nakuru, Njoro, Molo au Naivasha. Nitajaribu kukuonyesha kuwa li karibu nawe kuliko unavyodhani.

Sinema tutakayoipima huitwa Dasavathaaram. Ni ya lugha ya Kitamil, lugha ya watu wa kusini ya India, ambao kitovu chao cha kutengeneza sinema ni mji wa Chennai. Ilianza kuonyeshwa tarehe 13 Juni 2008. Mwongozaji wake ni K. S. Ravikumar, lakini hadithi na mazungumzo yaliandikwa na Kamal Haasan, ambaye ndiye pia aliyeigiza watu hao kumi. Kamal Haasan alizaliwa mwaka 1954, na mwaka 1960 alikwisha onekana katika sinema yake ya kwanza akiwa mtoto mdogo. Basi alipoianza kazi hii hakuwa mwanagenzi. Alikuwa fundi aliyekwisha kuvijua vyombo vyake, akatamani kuvitumia vyote kwa siku moja.

Jina la sinema hii lina maana ya maumbo kumi. Wahindu husimulia kuwa Vishnu, mungu mwenye kuuhifadhi ulimwengu, hushuka duniani kila uovu unapozidi, na kila mara huja na umbo jingine: mara samaki, mara kobe, mara nguruwe wa mwitu, mara kiumbe ambaye nusu ni mtu na nusu ni simba, mara mtu mfupi sana, na kadhalika hata kufika kumi. Kamal Haasan aliichukua imani hiyo ya kale akaifanya kiunzi cha hadithi yake. Yafaa uikumbuke maana ya jina hili, kwa sababu ndani yake mna ahadi. Imani yasema kuwa maumbo ni mengi na aliye ndani ni mmoja. Sinema inayojiita hivyo yatuahidi kutuonyesha kwamba watu kumi, wa mataifa na dini na tabaka zilizo mbalimbali, wana kitu kimoja ndani yao.

Hadithi yenyewe ni ndefu, karibu ya saa tatu, nami nitaipitia kwa haraka. Yaanzia katika karne ya 12, zamani za wafalme wa Chola. Mtumishi wa Vishnu aitwaye Rangarajan Nambi akataa kuiacha ibada yake mbele ya mfalme amwabuduye Shiva. Aadhibiwa kwa mateso makali, kisha afungwa kwenye sanamu ya mungu wake na kutoswa baharini pamoja nayo. Kutoka hapo twarushwa hata mwaka 2004. Mtaalamu wa sayansi aitwaye Govindarajan Ramasamy, Mhindi aliyeko Marekani, agundua kuwa kirusi walichokitengeneza katika maabara yake chaweza kuua watu wasio na idadi, na kwamba mkubwa wake ataka kukiuza. Atoroka nacho. Kwa bahati mbaya kichupa chenye kirusi hicho chasafirishwa hadi India, na huko bibi kizee mmoja akiingiza ndani ya sanamu. Muuaji wa kukodiwa, Christian Fletcher, amwandama Govindarajan kutoka bara hadi bara, na katika mbio hizo twakutana na wengine waliosalia: mpelelezi Balram Naidu, bibi Krishnaveni mwenye miaka 95, Vincent Poovaraghavan, mtetezi wa wanyonge, Khalifulla Khan, kijana mrefu ajabu, Avatar Singh, mwimbaji wa Kipunjabi anayeugua saratani ya koo, Shingen Narahashi, bingwa wa mapigano kutoka Japani, na hata George W. Bush, aliyekuwa rais wa Marekani wakati huo. Wote hao ni Kamal Haasan. Mwisho wa hadithi ni tarehe 26 Desemba 2004, siku ile bahari ilipoinuka.

Siku hiyo haikuwa ya kubuni. Tetemeko la ardhi chini ya bahari karibu na Sumatra liliinua mawimbi yaliyoua zaidi ya watu 200,000 katika nchi zilizozunguka Bahari ya Hindi. Pwani ya Tamil Nadu iliumizwa vibaya. Mawimbi yale yale, yakiwa yamepungua nguvu, yalifika pwani yetu siku hiyo hiyo. Huku Kenya mtu mmoja alikufa, na huko Somalia wakafa mamia. Kwa hiyo, msomaji, wimbi linaloifunga hadithi ya Kitamil ndilo hilo hilo lililowafanya wakubwa wa Mombasa na Malindi kuwaondoa watu ufukoni. Bahari moja yatuunganisha na watu hawa, ingawa sisi wa Bondeni huiona mara chache.

Kabla ya kumhukumu Kamal Haasan ni haki tuwajue waliomtangulia, kwani yeye si wa kwanza kutenda jambo hili. Mwaka 1900, mwaka ambao reli ilifika Nakuru, Mfaransa Georges Méliès alitengeneza picha fupi ambayo ndani yake yeye peke yake ni wanamuziki saba walioketi pamoja. Hila yake ilikuwa rahisi kueleza, ngumu kutenda. Kamera hufungwa isitikisike. Sehemu moja ya picha hupigwa huku sehemu nyingine ikiwa imefunikwa. Kisha ukanda hurudishwa nyuma, na mtu yule yule huketi mahali pengine apigwe tena. Siku hizi kazi ya kuunganisha vipande hufanywa na kompyuta, lakini shida ya mwigizaji ni ile ile ya Méliès: hana budi kuzungumza na mtu asiyekuwapo, na kumtazama machoni mtu ambaye macho yake bado hayajafika. Mwaka 1949 Mwingereza Alec Guinness aliigiza jamaa wanane wa ukoo mmoja wa kitajiri katika Kind Hearts and Coronets, mmoja wao akiwa mwanamke.

Aliyekaribia zaidi habari yetu ni Mtamil mwenzake Kamal Haasan, Sivaji Ganesan. Mwaka 1964 aliigiza watu tisa katika Navarathri, sinema iliyoongozwa na A. P. Nagarajan. Humo msichana aitwaye Nalina, aliyeigizwa na Savitri, atoroka kwao, na katika safari yake akutana na wanaume tisa mmoja baada ya mwingine, wote wakiwa ni Sivaji. Tisa hawa hawakuchaguliwa kwa kubahatisha. Wataalamu wa kale wa India walizigawa hisia ambazo mchezo waweza kuziamsha moyoni: mapenzi, furaha, huruma, hasira, ushujaa, hofu, karaha, mshangao na utulivu. Kila mwanamume katika sinema ile ni chombo cha hisia moja. Wazo hilo lilipendwa hata likatafsiriwa kwa Kihindi mwaka 1974 katika Naya Din Nai Raat, na safari hiyo Sanjeev Kumar ndiye aliyekuwa tisa.

Sasa twaweza kuuliza swali la mhakiki. Je, kuna faida gani mtu mmoja kuigiza kumi, ilhali waigizaji wako tele? Kushangaza watu hakutoshi kuwa jibu. Mcheza mazingaombwe pia hushangaza, nasi humpigia makofi na kumsahau kabla hatujafika nyumbani. Jibu likubalikalo ni moja tu: kwamba huo umoja wa mwigizaji uzae maana ambayo isingezaliwa kama wangekuwapo waigizaji kumi. Katika Navarathri maana hiyo i wazi, kwani twaona hisia tisa kama vyumba tisa vya moyo mmoja. Katika Dasavathaaram maana hiyo yatokea na kupotea, na ni kazi yetu kuonyesha wapi yatokea na wapi yapotea.

Yatokea kwa nguvu kuliko popote karibu na mwisho. Vincent Poovaraghavan ni mtu wa wale ambao kwa karne nyingi tabaka za juu za India ziliwaita wasioguswa, na ambao leo hujiita Dalit. Awapinga wenye fedha wanaochimba mchanga wa mto na kuuharibu. Wimbi lijapo, aokoa watoto, naye afa. Bibi Krishnaveni, ambaye ni wa tabaka la Brahmin, tabaka la juu kabisa, amekuwa akimngojea kwa miaka mingi mwanawe aliyekwisha kufa, kwa maana akili yake ilikataa kuipokea habari ile. Aiona maiti ya Poovaraghavan, adhani ni mwanawe, aikumbatia na kuililia. Kwa desturi ya kale, mwanamke wa tabaka lake asingaliigusa hata nguo ya mtu huyo. Hapo ndipo, msomaji, utakapokumbuka kuwa aliaye na aliliwaye ni mtu mmoja. Mwigizaji yule yule ni mama na ni mwana, ni Brahmin na ni Dalit. Hakuna hotuba itolewayo wala maneno ya mafunzo yaandikwayo. Ile hila ya Méliès, iliyoanza kama mzaha wa wanamuziki saba, hapa yageuka kuwa hoja: tabaka ni vazi, na chini ya vazi mna mwili mmoja. Wangekuwapo waigizaji wawili, tungepata tukio la huzuni na basi. Kwa kuwa ni mmoja, twapata huzuni na ushahidi pamoja.

Nambi wa karne ya 12 pia amerudishwa mzima. Uso wa mwigizaji haukufichwa sana, na kwa hiyo twauona ukikaza, ukiumia na kushikilia imani yake. Naye Balram Naidu ndiye furaha ya sinema nzima. Ni mpelelezi mwenye tumbo kubwa, mwenye kujisifu, mwenye kuipenda lugha yake ya Kitelugu hata husahau kazi yake kila akutanapo na mtu aizungumzaye. Twamcheka, lakini twamcheka kama tunavyomcheka mjomba wetu. Kichekesho chake chatoka katika upendo wake, na upendo wake ni wa kweli. Mtu wa namna hiyo hawezi kudhalilishwa na kicheko.

Lakini wahenga walisema, mshika mbili moja humponyoka. Sembuse mshika kumi! Kwa upande wa Fletcher, Khan na Bush, sinema hii yaanguka, na sababu ya kuanguka kwake ni moja. Mafundi walimbandika mwigizaji ngozi za mpira juu ya uso ili afanane na Mzungu, au na jitu, au na rais mashuhuri. Fundi mkuu wa kazi hiyo, Michael Westmore, alitoka Marekani, na ustadi wake hauna shaka. Ila uso wa mwigizaji ni dirisha lake. Mashavu yanapokuwa mazito yasisogee, na paji la uso likawa gumu kama ganda la kobe, mtu aliye ndani hawezi kutoka akatufikia. Twaona kifuniko kikitembea. Fletcher hukasirika, lakini hasira yake haifiki juu ya ngozi. Khan ni mrefu, na zaidi ya urefu wake hatumjui. Hapo sinema yaivunja ahadi yake, maana ilisema itatuonyesha moyo mmoja katika maumbo kumi, nayo yatuonyesha umbo lisilo na moyo.

Kuna kosa jingine lililo zito zaidi, ingawa ni gumu kulisema mbele ya sinema yenye nia njema. Ili awe Poovaraghavan, Kamal Haasan alipakwa rangi aonekane mweusi kuliko alivyo. Ili awe Narahashi, alibandikwa macho. Yafaa tuulize kwa haki: je, mtu mnyonge hana mwigizaji wa kwao awezaye kumsimamia? Hoja ya sinema ni kuwa sote ni mmoja, na hoja hiyo ni njema. Lakini mara nyingi mwenye nguvu ndiye aigizaye wote, na mnyonge huigizwa tu, haigizi. Mama na mwana katika tukio la wimbi waliniridhisha kwa kiasi kikubwa. Hata hivyo nisingekuwa mhakiki mwaminifu kama ningeficha kuwa kukumbatiana kule kulipatikana kwa kopo la rangi. Wewe msomaji pima mwenyewe. Wako watakaosema faida yaishinda hasara, nami ni miongoni mwao. Wako watakaosema sivyo, nao hawakosi sababu.

Tazama sasa jinsi jambo hili lilivyo kwetu. Ulizaliwa baada ya Redykyulass kupata umaarufu, lakini wazazi wako hawajawasahau. Walikuwa vijana watatu, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie, walioanza mwishoni mwa miaka ya 1990 kuchekesha Kenya nzima kwa kuwaigiza wakubwa. Mong'are alimwigiza Rais Daniel arap Moi, ambaye alitawala tangu 1978 hadi 2002, na ambaye nyumba yake ya Kabarak haiko mbali na mji wa Nakuru. Linganisha kazi hiyo na Bush wa Kamal Haasan. Yule wa India alibandikwa ngozi ya mpira, na hakutuambia lolote juu ya rais yule. Mong'are hakubandikwa ngozi ya mpira hata kidogo. Silaha yake kubwa ilikuwa sauti, ile sauti nzito yenye mkwaruzo, na namna ya kusimama. Na katika nchi ambayo kwa miaka mingi mtu aliogopa kumtaja rais hata kwa kunong'ona, sauti hiyo ilitosha kuwafundisha watu kuwa mkubwa naye ni mtu. Sauti iliyosomwa vizuri ilifanya kazi ambayo kifuniko cha gharama hakikuweza kuifanya.

Lakini sauti nayo ina hatari yake. Wachekeshaji wengi wa nchi yetu hujipatia riziki kwa kuigiza lafudhi za makabila. Huyu aigizwa kama mtu asiyeweza kutofautisha r na l. Yule kama mtu wa majigambo. Mwingine kama mpenda fedha. Mwingine kama mlinzi wa usiku mwenye rungu asiyejua mambo ya mjini. Watu hucheka, nami sisemi kuwa kila kicheko ni dhambi. Jiulize tu swali lile tulilomuuliza Kamal Haasan: je, aliyeigizwa amerudishwa mzima? Balram Naidu ana lafudhi, lakini pia ana kazi, kiburi, mapenzi na woga wake. Mhusika ambaye hana kitu ila lafudhi ni ngozi ya mpira iliyotengenezwa kwa ulimi.

Hapo Nakuru jambo hili si la mchezo. Reli, mashamba na biashara ziliwakusanya humo Wakalenjin, Wakikuyu, Waluhya, Wajaluo, Wakisii, Wakamba, Wamasai, Waturkana na Wahindi, wakawa majirani. Katika mwezi Januari 2008, miezi mitano tu kabla ya Dasavathaaram kutoka, majirani hao walishikiana mapanga na mishale katika mitaa ya Nakuru na Naivasha, kufuatia uchaguzi wa Desemba 2007. Katika nchi nzima walikufa watu zaidi ya 1,100 kabla ya mapatano ya tarehe 28 Februari. Sisemi kuwa vichekesho ndivyo vilivyoleta maafa hayo. Mambo ya ardhi na siasa yalikuwa na mizizi mirefu zaidi. Nasema hivi: siku ile watu wengi walihukumiwa kwa jina na kwa lafudhi tu. Mtu aliulizwa neno moja, na jinsi alivyolitamka ikawa ndiyo habari yake yote. Waliomhukumu walikuwa wamekwisha kuzoea, kwa muda mrefu na kwa njia nyingi, kumwona jirani yao kama lafudhi isiyo na mtu ndani. Msanii aweza kulizidisha zoea hilo au kulipunguza. Hiyo ndiyo sababu kazi ya kuigiza wengine yastahili kupimwa kwa uzito, hata inapofanywa kwa mzaha.

Huhitaji kwenda Chennai kuitafuta dawa. Wazee wa Bondeni waliijua. Mtambaji wa hadithi alipoketi karibu na moto jioni, alikuwa peke yake sungura, fisi, simba, zimwi, msichana aliyepotea na mama aliyemtafuta. Hakuwa na rangi wala ngozi ya mpira. Fisi alitoka kooni, sungura akatoka puani, simba akatoka kifuani, na watoto walimjua kila mmoja bila kutajiwa jina. Angalia tena: mtambaji mzuri hakumfanya fisi kuwa mjinga tu. Alimpa njaa, na njaa ile ilikuwa ya kweli, hata mtoto aliyesikiliza akamcheka fisi huku tumbo lake mwenyewe likimkumbuka. Mtambaji alimwingia fisi kwa mlango wa njaa. Kila mtu, msomaji, ana mlango wa namna hiyo, na kazi ya mwigizaji ni kuutafuta.

Mwezi Aprili 2025 mji wa Nakuru ulipokea tamasha la kitaifa la drama na filamu la shule na vyuo, na kila mwaka maelfu ya wanafunzi hujiandaa kwa mashindano ya namna hiyo. Siku moja huenda nawe ukapewa watu wawili au watatu uwaigize, kwa kuwa chama chenu cha drama kina waigizaji wachache. Likitokea hilo, usianze kwa nguo. Anza kwa kumtafuta mtu kama huyo mahali alipo: muuza mboga sokoni, dereva wa matatu kwenye kituo, mlinzi langoni, Singasinga mwenye duka, mchungaji wa ng'ombe njiani kuelekea Elementaita. Mtazame asipojua kuwa ni mchezo. Sikiliza maneno anayoyapenda, kisha usikilize anayoyaepuka. Tazama mikono yake ikiwa haina kazi. Jiulize ataka nini siku hiyo, na aogopa nini. Ukiyapata hayo mawili, lafudhi itakuja yenyewe na itakuwa na mahali pa kukaa. Usipoyapata, lafudhi hata ikifanana namna gani itakuwa kelele.

Tena, baada ya kuigiza, fanya jaribio hili moja. Fikiri kwamba mtu yule uliyemwazima ameketi safu ya mbele. Angecheka pamoja na wengine, au angeinamisha kichwa? Akicheka, umemrudisha mzima. Akiinamisha kichwa, jitahidi zaidi kesho.

Kwa kipimo hicho tumalize hukumu yetu juu ya Dasavathaaram. Katika watu kumi, nahesabu wanne waliorudishwa wazima: Nambi, Krishnaveni, Poovaraghavan na Balram Naidu. Wawili au watatu wako katikati, miongoni mwao mtaalamu Govindarajan, ambaye ana shughuli nyingi za kukimbia kuliko za kuishi. Waliosalia walizama ndani ya ngozi zao. Wanne katika kumi si alama ya kujivunia mbele ya mwalimu wa hesabu. Lakini sanaa haihesabiwi hivyo. Mtu aliyejaribu kumi akafaulu wanne, na katika hao wanne akatupa mama wa tabaka la juu akimlilia mwana wa tabaka la chini, ametupa zaidi ya mwenye tahadhari aliyejaribu mmoja asiye na hatari. Itazame sinema hiyo ukiipata, hata kama ni kwa maandishi ya tafsiri chini ya picha. Cheka panapochekesha, na ulalamike panapostahili malalamiko. Ukifika kwenye tukio la wimbi, usiwe na haraka ya kuinuka. Watazame wale wawili, bibi na maiti, kisha watazame walioketi kando yako.